Kutoka Kilwa hadi Zimbabwe Kuu: safari ya kuifuata dhahabu

Nimerudi nyumbani wiki tatu sasa kutoka Zimbabwe Kuu, magofu ya mji wa kale wa mawe. Nimekaa na daftari langu lililolowa pembe moja na picha za simu zaidi ya mia nne, nikaipanga safari upya siku kwa siku, maana watu wengi wameniuliza njia, nauli na sababu. Sababu ni moja. Nafundisha historia, na kila mwaka tukifika kwenye Kilwa na Sofala, ile bandari ya kale ya Msumbiji, wanafunzi huniuliza: hiyo dhahabu ilikuwa inatoka wapi hasa? Nimechoka kuwajibu kwa kidole juu ya ramani.

Siku ya 1, Jumamosi. Kilwa Kisiwani

Sikutaka kuanza safari kabla ya kuvuka kwenda Kisiwani. Mzee mwenye chombo alinitazama na begi langu.

"Shikamoo babu."

"Marahaba mjukuu wangu. Na mzigo wote huo waenda wapi?"

"Zimbabwe, babu. Nakwenda kuona dhahabu yetu ilikokuwa ikitoka."

"Ile ya Wareno?"

"Ya kabla ya Wareno."

Akatikisa kichwa, akatweka tanga, hakusema tena mpaka tulipofika.

Nilipanda hadi Husuni Kubwa, kasri la Sultan al-Hasan bin Sulaiman la mwanzoni mwa karne ya 14, lenye vyumba zaidi ya 100, bwawa la pembe nane na ngazi zinazoshuka mpaka baharini. Msafiri Ibn Battuta alifika mji huu mwaka 1331 akausifu sana, na aliandika kwamba dhahabu hufika Sofala kutoka bara, mwendo wa mwezi mzima. Kutoka Sofala majahazi yalikuja na upepo hadi hapa. Huo mwendo wa mwezi ndio niliotaka kuuona.

Wareno nao walisikia habari hizo. Mwaka 1502 Vasco da Gama alimlazimisha mtawala wa Kilwa kulipa kodi kwa dhahabu, na dhahabu hiyo ikafuliwa chombo cha ibada kinachoitwa Custódia de Belém, kilichokamilika mwaka 1506. Mpaka leo kipo kwenye jumba la makumbusho mjini Lisbon. Julai 1505 zikaja merikebu za Francisco de Almeida, mji ukaporwa, wakajenga ngome pale lilipo leo gofu la ngome liitwalo Gereza. Mwaka huohuo wenzao wakajenga nyingine Sofala. Vichwani mwao walikuwa na Ofiri, ile nchi ya kwenye Biblia ambako mabaharia wa Mfalme Sulemani walichukua talanta 420 za dhahabu. Kwao, Sofala ilikuwa mlango wa Ofiri, na ndani ya bara palikuwa na mji wa dhahabu unaowasubiri.

Kwa atakayevuka: kata kibali Kilwa Masoko kabla ya kutafuta chombo, na uvuke asubuhi bahari ikiwa shwari.

Siku ya 2. Hadi Dar

Basi la asubuhi, TSh 20,000 mpaka Mbagala. Nililala kuanzia Nangurukuru, nikaamka darajani Rufiji, nikalala tena.

Siku ya 3. Dar hadi Tunduma

Zamani mtu wa Kilwa angepanda jahazi kwenda Sofala na kutoka hapo apande bara. Leo hakuna jahazi la abiria la kunifikisha huko, na mji wa zamani wa Sofala umeliwa na bahari. Hata mawe ya ngome ya Wareno yalichukuliwa kujengea kanisa kuu la Beira. Kwa hiyo nikazunguka kwa nchi kavu: stendi ya Magufuli, Mbezi Luis, saa kumi na moja alfajiri, tiketi ya Lusaka TSh 140,000.

Mikumi tuliona tembo wanne karibu kabisa na lami. Ruaha Mbuyuni kila abiria alinunua vitunguu kana kwamba ndicho kilichomtoa Dar. Kisha mlima Kitonga ukatufunga. Lori lilikuwa limelala kwenye kona, hakuna aliyeumia, lakini foleni ilikaa saa tatu na dakika kumi, nimeandika.

Nyuma yetu kulikuwa na lori la kwenda Kongo. Dereva na utingo wake walishusha jiko la mkaa, wakachemsha chai ya tangawizi kwenye sufuria kubwa, na utingo akapita na vikombe viwili vya bati akigawa kwa akina mama na watoto kwanza. Mtu akitaka kulipa anakataa. "Dada, kunywa tu, barabara ni yetu sote." Watoto wa basi letu wakamaliza na mkate wake.

Tuliingia Tunduma saa nane usiku, tukalala vitini.

Siku ya 4. Nakonde na barabara ndefu

Mpaka wa Tunduma na Nakonde unashughulikiwa pamoja, hivyo mihuri yote miwili nilipata kwenye foleni moja. Mtanzania hahitaji viza ya Zambia wala ya Zimbabwe. Kadi ya homa ya manjano waliiomba, nami nilikuwa nayo. Aliyekuwa mbele yangu hakuwa nayo, basi likamsubiri mpaka roho za watu zikaanza kuchemka. Beba kadi.

Vijana wa kubadilisha fedha walinizunguka kabla sijavuta pumzi. Mama mmoja muuza chapati upande wa Nakonde aliniita kwa Kiswahili safi: "Mwanangu, fedha haihesabiwi barabarani. Njoo ndani." Akaniketisha jikoni kwake, akamwita kijana mmoja tu anayemwamini, akahesabu kwacha pamoja nami noti kwa noti, mara mbili. Nilinunua chapati tatu. Ya nne akanifungia bure kwenye gazeti.

Rudisha saa nyuma saa moja. Nilisahau, nikaharakisha chai bila sababu.

Baada ya hapo ni karibu kilomita 1,000 za miti, mashimo na mizani za malori. Mpika tulikula nshima, yaani ugali, na ifisashi, mboga za majani zilizopikwa kwa karanga, na mpaka leo naitamani. Mengine ya siku ile hayana maneno. Lusaka tuliingia alfajiri.

Siku ya 5. Zambezi

Lusaka hadi Harare nililipa dola 25. Kabla ya kuondoka nilipita sokoni nikakuta kapenta wamerundikwa kwenye beseni. Nikainama, nikanusa: dagaa wa Tanganyika! Samaki hawa walichukuliwa kutoka ziwa letu miaka ya 1960 wakapandikizwa ziwa Kariba, wakazaana. Nikanunua mfuko mdogo, nikawa nawatafuna njiani kama mtoto.

Barabara inateremka milima mikali mpaka Chirundu, joto linapanda kila kona, halafu unauona Zambezi, mpana na wa kijani. Wakati mizigo inakaguliwa nilisogea kuutazama. Mbali sana chini ya mto huu, Msumbiji, ipo Sena. Mwaka 1569 mfalme wa Ureno alimtuma Francisco Barreto na jeshi kwenda kuikamata migodi ya Mwenemutapa, mfalme wa nyanda za Zimbabwe ya leo. Walipofika Sena homa ikaanza kuwaua watu na farasi. Badala ya kuushuku mto, mbu na mbung'o, waliwashuku wafanyabiashara Waislamu waliokuwa wakiishi pale, watu wa biashara ya pwani kama wazee wetu, kwamba wamewawekea sumu. Wakawaua, tena kwa mateso. Homa haikukoma. Barreto mwenyewe akafa Sena mwaka 1573.

Aliyeshika nafasi yake, Vasco Fernandes Homem, alifika mpaka Manica, karibu na mpaka wa Msumbiji na Zimbabwe ya leo. Hakukuta milima inayong'aa. Alikuta watu wanachimba mashimo na kuosha mchanga kwa jasho kwa ajili ya vipande vidogo vya dhahabu. Hivyo ndivyo dhahabu ya nyanda zile ilivyopatikana siku zote: kidogo kidogo, na mikono mingi.

Huwa nawafundisha wanafunzi habari za Sena kwa dakika tano. Pale mtoni nilijiona nimewapunja waliouawa.

Basi letu lilipata pancha mbili karibu na Karoi, na tairi la akiba lilikuwa moja. Kampuni siitaji. Saa nne za baridi, na mimi na dera jepesi! Binti aliyekaa pembeni yangu alikunjua blanketi la mtoto wake, akaligawa magotini kwetu sote watatu bila kuniuliza jina.

Siku ya 6. Harare

Kulala, kufua, kununua laini ya simu. Chumba dola 20.

Kwa wanaokuja: dola ndiyo inayotembea madukani, pamoja na ZiG, fedha yao iliyoanza mwaka 2024. Noti ndogo ni lulu. Ukitoa ya 20 kununua maji, chenji hakuna, utapewa peremende au kalamu. Njoo na noti za dola moja moja, safi, zisizochanika.

Siku ya 7. Masvingo

Stendi ya Mbare, dola 10, karibu kilomita 300. Hapa nilianza kujifunza kusalimia. Nilimwambia kondakta "Mambo!" kama ninavyowaambia vijana wa kwetu, abiria wakageuka wakacheka kwa furaha. Mambo, kwa Kishona, ni mfalme. Yule kondakta alijinyoosha, akapokea nauli kwa mikono miwili, na tangu hapo mpaka Masvingo basi zima lilimwita hivyo.

Tukaendelea na maneno. Nyama ni nyama. Moto ni moto. Nzira ni njia, mbudzi ni mbuzi, mvura ni maji. Dhahabu? "Ndarama," alisema bibi mmoja aliyekuwa na kikapu cha viazi. Ndarama, dirhamu. Niliandika maneno hayo mawili pamoja, nikayatazama kwa muda mrefu.

Bibi huyo, ambuya kama wanavyosema huko, aliuliza nitalala wapi. Nikamwambia sijui bado. Tuliposhuka aliniongoza kwa miguu, begi langu tumeshikana yeye upande na mimi upande, mpaka nyumba ya wageni ya kanisa, dola 15, safi na tulivu. Akamwambia mhudumu maneno mengi ambayo sikuelewa isipokuwa moja: *mwanangu*. Neno hilo halikuhitaji mkalimani.

Siku ya 8. Zimbabwe Kuu

Kombi, basi dogo, ya asubuhi dola 2, karibu kilomita 30 kusini-mashariki ya mji. Getini onyesha pasipoti, maana watu wa nchi za SADC wana bei yao, chini ya ile ya wageni wengine. Chukua mwongozaji. Bila yeye utapiga picha za ukuta na kuondoka.

Wangu alikuwa kaka wa makamo aliyezaliwa karibu na hapo. Tulianza na kilima kabla jua halijakaza. Njia ya zamani inapita kati ya majabali, mahali pengine nyembamba kiasi cha kupita mtu mmoja, na juu kuta zimejengwa zikaungana na mwamba mpaka hujui mtu ameanzia wapi. Kutoka huko unaona bonde lote na lile boma kubwa la mviringo chini.

Jina lenyewe linajieleza kwa sikio la Mswahili. *Dzimba dza mabwe*: nyumba za mawe. Sikuhitaji kutafsiriwa.

Tuliposhuka na kulifikia lile boma nilinyamaza. Ukuta wa nje una mzunguko wa kama mita 250 na mahali pengine unafika mita 11 kwenda juu, matale tupu, bila saruji wala chokaa. Sisi Kilwa tulijenga kwa matumbawe na chokaa, mawe yameshikwa. Haya hayajashikwa na chochote ila uzito wake na jicho la fundi. Niliweka kiganja. Jiwe moja ni kama tofali nene, uso umesawazishwa, ukingo bado mkali. Mwongozaji alinionyesha mwamba kilimani unaojimenya wenyewe kwa tabaka kama kitunguu. Mafundi waliusaidia kwa moto na maji, ukapasuka, wakachagua. Kadiri kazi ilivyoendelea walizidi kuwa hodari: kuta za mwanzo mistari inayumba, za baadaye imenyooka, na juu ya ukuta wa nje wakaweka urembo wa pembe pembe unaofanana na ukili uliosukwa. Kazi ya karne nyingi, kati ya karne ya 11 na ya 15.

Tukapita kichochoro kirefu kati ya kuta mbili mpaka kwenye mnara. Urefu wake ni kama mita 10, mnene, hauna mlango wala chumba. Watafuta hazina waliutoboa wakiamini ndani mna dhahabu. Ni mawe mpaka katikati.

Sasa hapa nina neno la kusema, na nalisema kwa uchungu. Mwaka 1871 Mjerumani Karl Mauch alifika akiitafuta Ofiri, akiongozwa na habari za mwindaji Adam Render aliyekuwa ametangulia. Alikata kipande cha boriti ya mlangoni, akakinusa, akakilinganisha na mbao ya penseli yake, akasema ni mwerezi wa Lebanoni, kwa hiyo Wafoinike, mabaharia wa kale wa Lebanoni, wamejenga, kwa hiyo hili ni jumba la Malkia wa Sheba. Ule ulikuwa mti wa porini wa kusini mwa Afrika! Penseli moja, na watu waliokuwa wakichunga ng'ombe chini ya kuta hizi wakanyang'anywa mababu zao.

Waliofuata wakafanya vibaya zaidi. Willi Posselt aling'oa ndege wa kuchongwa kwa jiwe mwaka 1889, akamuuzia Cecil Rhodes, Mwingereza aliyeongoza kuitawala nchi hii kikoloni. Mwaka 1895 iliundwa kampuni yenye leseni ya kufukua magofu kutafuta dhahabu. Richard Hall, aliyewekwa kuwa mtunzaji wa mahali hapa mwaka 1902, alizoa udongo wa ndani akiuita uchafu wa Waafrika, ili afike chini kwa "wajenzi wa kale". Udongo ule ndio uliokuwa na vyungu, mifupa, sakafu za nyumba za udongo, ushahidi wote wa nani aliishi humu. Mwongozaji alinionyesha ulipotolewa. Pamebaki nyasi tu, fupi na nzuri, kama uwanja.

Mwanaakiolojia David Randall-MacIver aliyechimba mwaka 1905 akasema ni kazi ya Waafrika. Gertrude Caton-Thompson akarudia uchunguzi mwaka 1929 kwa uangalifu mkubwa, akasema hivyohivyo. Walowezi hawakutaka kusikia, na hadi miaka ya 1970 serikali yao iliwabana wataalamu waliosema kweli. Mmoja wao, Peter Garlake, alilazimika kuondoka nchini mwaka 1970. Ndiyo maana nchi ilipopata uhuru mwaka 1980 ilijiita kwa jina la mawe haya.

Na dhahabu? Haikuchimbwa hapa. Ilitoka sehemu nyingine za nyanda, ikapita hapa, na watawala wa mji walishika njia yake kuelekea pwani. Utajiri wao wa kila siku ulikuwa ng'ombe. Waliokuja na ndoto ya mji wenye kuta za dhahabu walikuwa wamesimama ndani ya mji wenyewe, wakaubomoa wakiutafuta.

Kwenye jumba la makumbusho wapo ndege wa jiwe la sabuni. Wengine walirudishwa kutoka Afrika Kusini mwaka 1981, na nusu ya mmoja ikarudi kutoka Ujerumani mwaka 2003. Nilisimama mbele ya mmoja mwenye midomo kama ya mtu, si mdomo wa ndege, na vidole vya miguu vimechongwa kimoja kimoja.

Hapo ndipo nilipotoa simu, nikamwonyesha mwongozaji picha ya sarafu ya shaba ya Kilwa. Hakunisubiri nieleze. "Al-Hasan bin Sulaiman," akasema. "Moja yake ilipatikana hapa." Nilikuwa nalijua hilo kitabuni, lakini kulisikia jina la sultani wa kwetu mdomoni mwa mtu wa huku, amelitamka kama jina la jirani wa zamani, nilitafuta mahali pa kukaa.

Siku ya 9. Tena

Nilirudi alfajiri, peke yangu, nikakaa ukutani mpaka jua lilipofika kwenye mnara. Mchana ambuya alinialika sadza, ugali wao, na mboga za maboga, akamtuma kijukuu chake kunifuata. Alinifungia karanga kilo mbili. Nilimwachia kanga, ndiyo pekee niliyokuwa nayo safi. Akanisomesha jina la kanga hiyo mara tatu. Akataka nimfasirie maandishi yake, nikashindwa kueleza utamu wote, nikamwambia ni dua.

Kurudi kulikuwa siku nne, njia ileile, hakuna pancha. Jumla ya matumizi yangu yote, nauli, malazi, chakula, kiingilio na zawadi, ni kama dola 390.

Kabla hatujaagana mwongozaji aliniomba kitu kimoja: picha za upande wa pili. Miaka yote anawaeleza wageni kwamba dhahabu ilikwenda pwani, na pwani yenyewe hajaiona. Jumamosi iliyopita nikavuka tena na babu yuleyule. Nikapiga picha zile ngazi za Husuni Kubwa zinazoshuka majini, maji yakiwa yamejaa, nikazituma papo hapo, maana mtandao unashika ukisimama juu.

Alijibu kabla sijashuka. Aliuliza kama ni hapo walipokuwa wakipakulia, na kama maji huwa na rangi ile kila siku.